Let's Stay Together: Wimbo Uliopatikana kwa Kushusha Sauti

Kwa maelezo ya Willie Mitchell mwenyewe, ugomvi mkubwa kati yake na Al Green katika miaka yote ya kufanya kazi pamoja ulihusu wimbo ambao leo hupigwa kwenye harusi karibu kila pembe ya dunia. Mitchell, aliyekuwa prodyuza, alitaka "Let's Stay Together" (yaani "Tukae Pamoja") uimbwe taratibu na kwa sauti ya chini, kana kwamba mwimbaji anazungumza na mtu mmoja tu aliyeketi karibu naye. Green alikuwa kijana wa miaka 25 aliyelelewa katika uimbaji wa injili, na waimbaji aliowahusudu walikuwa wale wenye sauti za kutikisa ukumbi. Alipojisikia akiimba kwa sauti hiyo nyembamba, aliona haina uanaume wa kutosha. Aliimba, akakataliwa, akaimba tena. Mitchell hakulegea. Wimbo tulionao ni matunda ya ukaidi huo, na ninaamini kwamba laiti Green angeshinda ule ubishi, tungepata wimbo mzuri wa mwaka 1971 ambao kufikia sasa ni wachache wangeukumbuka.

Walikuwa katika studio ya Royal, kusini mwa jiji la Memphis, jimbo la Tennessee nchini Marekani. Jengo hilo lilikuwa jumba la sinema kabla ya kampuni ya Hi Records, iliyoanzishwa mwaka 1957, kuligeuza kuwa mahali pa kurekodia muziki. Sakafu ya sinema huteremka kuelekea jukwaani ili watu wa nyuma wasizibwe na walio mbele, na sakafu hiyo haikusawazishwa. Mitchell aliamini kuwa mteremko huo ulichangia sauti ya pekee ya studio yake, na wanamuziki waliendelea kupiga vyombo vyao juu ya sakafu iliyoinama. Hapakuwa mbali na McLemore Avenue, ambako kampuni ya Stax nayo ilikuwa ndani ya sinema nyingine ya zamani, na baadhi ya wanamuziki walifanya kazi katika majengo yote mawili.

Memphis ya wakati ule ilikuwa na majonzi yake. Otis Redding, mwimbaji aliyekuwa nguzo kuu ya Stax, alikufa katika ajali ya ndege tarehe 10 Desemba 1967. Tarehe 4 Aprili 1968, Martin Luther King alipigwa risasi akiwa katika hoteli ya Lorraine, hoteli ile ile ambayo wanamuziki wa Stax, weusi kwa weupe, walizoea kukutana na kutunga nyimbo. Sisemi kwamba wimbo wa mapenzi wa mwaka 1971 ulitungwa kuomboleza vifo hivyo. Ninachosema ni kwamba waliouimba na kuupiga walikuwa watu waliokwisha kuona jinsi mambo yanayopendwa yanavyoweza kutoweka kwa siku moja, na mtu anayeusikiliza wimbo huu kwa makini atausikia uoga huo ndani yake.

Mitchell alizaliwa mwaka 1928 huko Ashland, Mississippi, akawa mpiga tarumbeta na kiongozi wa bendi iliyotumbuiza katika kumbi za Memphis na vitongoji vyake. Alipenda jazi, na upendo huo ulimfanya achague kodi (noti kadhaa zinazopigwa kwa pamoja) ambazo waimbaji wengi wa soul hawakuwa na mazoea nazo. Kikosi chake cha studio kilikuwa kama ukoo. Walikuwapo ndugu watatu wa familia ya Hodges: Mabon, aliyejulikana zaidi kwa jina la Teenie, kwenye gitaa, Leroy kwenye besi, na Charles kwenye kinanda. Drams zilipigwa na Howard Grimes, na wakati mwingine na Al Jackson Jr., ambaye alianza ujana wake katika bendi ya Mitchell kabla ya kuwa mhimili wa bendi ya Booker T. & the M.G.'s pale Stax. Watu hawa walipiga pamoja kwa muda mrefu kiasi kwamba hakuna aliyehitaji kujionyesha. Ukisikiliza santuri zao, utagundua kuwa nafasi walizoziacha wazi zina thamani sawa na sauti walizozipiga.

Al Green aliingia katika ukoo huo kwa njia ya kuzunguka. Alizaliwa tarehe 13 Aprili 1946 huko Forrest City, Arkansas, katika familia ya wakulima maskini ambayo baadaye ilihamia Grand Rapids, Michigan. Akiwa mtoto aliimba injili pamoja na kaka zake katika kundi la Greene Brothers, wakati huo jina la ukoo likiwa bado na herufi moja zaidi mwishoni. Baba yake alikuwa mtu wa dini asiyevumilia muziki wa kidunia. Alipomkuta kijana akisikiliza nyimbo za Jackie Wilson, alimfukuza nyumbani. Mwaka 1967 Green alitoa wimbo uitwao "Back Up Train" ambao ulifanya vizuri, lakini baada ya hapo hakupata wimbo wa kuufuata, na mwishoni mwa miaka ya 1960 alikuwa akihangaika kutoka mji mmoja hadi mwingine.

Alikutana na Mitchell katika mji wa Midland, Texas. Kisa cha kukutana kwao kimesimuliwa mara nyingi na Mitchell. Alimwambia kijana kwamba akija Memphis atamfanya nyota baada ya miezi 18; Green akalalamika kwamba hana muda mrefu namna hiyo. Mwishowe aliomba akopeshwe dola 1,500 za kulipia madeni yake nyumbani, akapewa, kisha akatoweka. Muda mrefu ukapita. Asubuhi moja mtu akabisha hodi nyumbani kwa Mitchell, na mwenye nyumba akamdhania kuwa ni fundi aliyekuja kufanya ukarabati. Alikuwa Al Green, amerudi kuanza kazi.

Kazi yenyewe haikuwa nyepesi. Katika albamu ya kwanza waliyoifanya pamoja, "Green Is Blues" ya mwaka 1969, unamsikia mwimbaji hodari ambaye bado anavaa mavazi ya wengine: hapa yuko Otis Redding, pale yuko Wilson Pickett. Mitchell alikuwa akimsisitizia aache kuwaiga wakubwa hao, aimbe kama Al Green, wakati Green mwenyewe bado alikuwa hajajua Al Green anaimbaje. Nuru ilianza kuonekana mwaka 1971 kwa "Tired of Being Alone", wimbo alioutunga mwenyewe na uliouza zaidi ya nakala milioni moja. Humo tayari mwimbaji ameanza kunong'ona, kulalama na kukata maneno katikati. Lakini bado kulikuwa na nguvu nyingi zilizotumika bila ulazima, na Mitchell alizisikia.

"Let's Stay Together" ilianza kwa muziki, maneno yakafuata. Mitchell na Al Jackson walitengeneza tuni pamoja, kisha Mitchell akampa Green kanda yenye muziki mtupu aende kuandika mashairi. Green aliyamaliza kwa dakika chache tu. Ninapenda kufikiri kwamba aliweza kwenda haraka hivyo kwa sababu muziki ulikuwa umekwisha kumweleza la kusema. Tarumbeta na saksafoni zinafungua wimbo kwa kishindo kifupi, gitaa la Teenie linajibu, kisha vyombo vyote vinatulia na kumpisha mwimbaji aingie na neno moja fupi analolivuta polepole. Hapo chini zinasikika drams za Jackson, ambazo kwangu ndizo siri ya wimbo mzima: mdundo mzito, wa chini, usiobadilika, ulio tofauti na milio ya juu yenye kung'aa iliyotawala nyimbo nyingi za dansi za wakati ule. Kinanda cha Charles Hodges kinapita nyuma bila kudai kusikilizwa. Waitikiaji, Charles Chalmers na ndugu wawili Sandra na Donna Rhodes, wanaingia kwa upole pale tu wanapohitajika.

Juu ya msingi kama huo, sauti ya kupiga kelele ingekuwa ni uharibifu, na hilo ndilo Mitchell aliloliona kabla ya Green. Mtu aliyezoea kuimba kanisani anajua kuwa nguvu ya sauti ni njia ya kuthibitisha ukweli wa anachokisema. Anapopandisha sauti, waumini wanapanda pamoja naye. Kumwambia mtu huyo asipandishe ni kumnyang'anya silaha anayoitegemea. Akishanyang'anywa, anabaki na nini? Anabaki na pumzi, na namna ya kulitamka neno, na uamuzi wa kuchelewa nusu sekunde kabla ya kulitamka. Green alilazimishwa kuvitafuta vitu hivyo, akavipata, na kuanzia hapo akawa mwimbaji ambaye hakuna aliyeweza kumfananisha na mwingine. Sauti yake ya juu, ile nyembamba aliyoidharau, inatokea mara chache na kwa ufupi, na kila inapotokea msikilizaji anahisi kwamba mwimbaji ameshindwa kujizuia. Kama angeitumia tangu mwanzo, isingekuwa na maana hiyo.

Mashairi yenyewe yanastahili kutazamwa kwa utulivu, kwa sababu nadhani watu wengi wanaoupiga wimbo huu kwenye sherehe hawajauzingatia vya kutosha. Kiitikio chake kinafanana na kiapo cha ndoa cha Kikristo: tukae pamoja, nyakati ziwe njema au mbaya, za furaha au za huzuni. Yeyote aliyewahi kusimama mbele ya mchungaji na kutamka "katika raha na taabu" ataitambua lugha hiyo mara moja, na haishangazi kwamba mtoto wa Greene Brothers aliikimbilia. Lakini katikati ya wimbo kuna ubeti unaogeuka upande mwingine. Mwimbaji anauliza kwa nini watu huachana, kisha wakarudiana. Anasema hawezi kuelewa. Halafu anamgeukia mpenzi wake na kumwambia kwamba yeye, mpenzi, kamwe hawezi kumtendea mwimbaji hivyo, kisha, kwa haraka, anaomba athibitishiwe. Hilo si neno la mtu mwenye uhakika. Ni mtu anayesihi. Jina lenyewe la wimbo ni ombi, na mtu haombi kitu ambacho anajua hakitaondoka.

Kwa hiyo ninapousikia ukipigwa ukumbini bwana na bibi harusi wakiingia, huwa sioni kama ni chaguo baya. Naona ni chaguo la kweli kuliko wanavyodhani. Niliwahi kumsikia mama mmoja wa makamo, kwenye harusi ya jamaa yetu, akiuimba wote neno kwa neno huku amefumba macho, na nilijua kwamba mume wake alikuwa amerudi nyumbani baada ya kutengana kwa muda mrefu. Yeye aliuelewa ule ubeti wa kati.

Wimbo ulitolewa kama santuri ndogo mwishoni mwa mwaka 1971. Tarehe 12 Februari 1972 ulifika nafasi ya kwanza katika chati kuu ya Billboard nchini Marekani, ukakaa hapo kwa wiki moja tu, kati ya "American Pie" ya Don McLean iliyotangulia na "Without You" ya Nilsson iliyofuata. Kwenye chati ya muziki wa R&B uliongoza kwa wiki tisa, na huko Uingereza ulifika nafasi ya saba. Al Green alitoa nyimbo nyingi kubwa baada yake, lakini hakuna nyingine iliyomfikisha kileleni mwa chati kuu. Mitchell alikuwa amepata njia yake, na miaka iliyofuata studio ya Royal ilitoa nyimbo moja baada ya nyingine kwa utaratibu huo huo, zikiwemo "I'm Still in Love with You" na "Love and Happiness".

Kwa sisi wa Afrika Mashariki, muda ambao wimbo huu ulitoka una jambo la kufikirisha. Mwaka 1969, wakati Umoja wa Vijana wa TANU ukiendesha Operesheni Vijana dhidi ya sketi fupi, mawigi na suruali za kubana, wakuu wa mkoa jijini Dar es Salaam walipiga marufuku muziki wa soul katika kumbi za dansi. Soul iliyowakasirisha ilikuwa ile ya jasho na miguu, ya mtindo wa James Brown, ambayo vijana wa mjini waliicheza kwa mavazi na staili ambazo viongozi waliziona kuwa ni za kigeni na zisizo na heshima. Miaka michache baadaye soul ikaja na sura nyingine, ya mtu anayembembeleza mwenziwe kwa sauti ya chini juu ya uaminifu wa nyumbani. Vizazi vilivyofuata vilizipokea nyimbo za namna hiyo redioni, katika vipindi vya usiku vya salamu na zilipendwa, na mimi ni mmoja wa waliozipata huko. Siwalaumu sana wakubwa wa wakati ule, kwani walikuwa wakijenga taifa jipya na walikuwa na hofu zao. Hata hivyo nadhani waliikataa soul wakiwa wameona upande wake mmoja tu.

Wimbo mkubwa hupimwa pia kwa namna unavyostahimili mikono ya wengine. Mwaka 1983 Tina Turner, aliyekuwa amepoteza mkataba wa kurekodi na kufanya kazi kwenye kumbi ndogo, aliurekodi London chini ya Martyn Ware, aliyekuwa mwanamuziki wa kundi la Heaven 17, na Greg Walsh. Ala za umeme zilichukua nafasi ya kikosi cha Memphis. Turner alizaliwa Tennessee na kukulia eneo la Nutbush, mwendo wa saa moja na ushee kwa gari kutoka studio ya Royal, na sauti yake ilikuwa kinyume kabisa cha ile aliyoitaka Mitchell: ya kukwaruza, ya mtu aliyepita kwenye moto. Anauanza wimbo polepole sana, karibu bila mdundo, kama anayeyapima maneno kabla ya kuyaamini. Kwa Green ombi la kukaa pamoja linatoka kwa kijana anayeogopa kuachwa. Kwa Turner, ambaye ulimwengu mzima ulijua alivyoteswa katika ndoa yake, linatoka kwa mtu anayejua gharama ya kukaa na bado hajaacha kutamani upendo. Ulifika nafasi ya sita Uingereza, na mafanikio yake ndiyo yaliyoifanya kampuni yake imharakishe kutengeneza albamu ya "Private Dancer" ya mwaka 1984, iliyomrudisha juu akiwa na umri wa miaka 44. Nimewasikiliza wengi walioimba wimbo huu, na Turner ndiye pekee ambaye sikutamani kumkatisha ili nirudi kwa Green.

Maisha ya watunzi watatu wa wimbo huu yalikwenda njia tofauti. Al Jackson aliuawa kwa risasi nyumbani kwake Memphis tarehe 1 Oktoba 1975, akiwa na miaka 39. Green aliamini kuwa Mungu alimwita mwaka 1973, katikati ya umaarufu wake. Mwaka uliofuata alimwagiwa uji wa moto akiwa nyumbani kwake na mwanamke aliyekuwa na uhusiano naye, ambaye baadaye alijiua, na majeraha yalimweka hospitalini. Mwaka 1976 alinunua kanisa Memphis, Full Gospel Tabernacle, akawa mchungaji. Baada ya kuanguka jukwaani huko Cincinnati mwaka 1979, aliliona tukio hilo kuwa onyo, akaziacha nyimbo za mapenzi na kuimba injili kwa miaka kadhaa. Baba aliyemfukuza kwa ajili ya Jackie Wilson angefurahi. Lakini nyimbo zile hazikumwacha, na baadaye alirudi kuziimba huku akiendelea kuhubiri.

Tarehe 19 Januari 2012, katika ukumbi wa Apollo mtaani Harlem, jijini New York, Barack Obama alisimama kwenye mkutano wa kuchangisha fedha za kampeni ambako Al Green alikuwa ametumbuiza, na bila kutarajiwa akaimba mstari wa kwanza wa "Let's Stay Together". Aliuimba kwa sauti ya juu, nyembamba, laini, kisha akamhakikishia mchungaji kwamba hana nia ya kushindana naye. Video ilienea haraka mno, na mauzo ya wimbo uliokuwa na miaka 40 yakapanda ghafla. Rais mwenye asili ya Kogelo, katika kaunti ya Siaya, akiimba soul ya Memphis kwenye jukwaa ambalo watazamaji wake ni mashuhuri kwa kuwazomea waimbaji dhaifu! Nchini Kenya video hiyo ilipokewa kwa fahari ya kifamilia. Jambo lililonigusa mimi ni kwamba kati ya namna zote za kuuimba mstari ule, Obama alichagua ile sauti ambayo Green aliikataa mwaka 1971 kwa kuiona haina uanaume, na ukumbi mzima ukashangilia.

Green na Mitchell walikutana tena studio mwaka 2003 kutengeneza albamu ya "I Can't Stop", wakiwa na baadhi ya wanamuziki wao wa zamani. Mitchell alikuwa ameihifadhi maikrofoni namba tisa, ambayo Green aliitumia kurekodi nyimbo zake za miaka ya 1970, na akaitoa ili aimbie hiyo hiyo. Mitchell alifariki tarehe 5 Januari 2010 akiwa na miaka 81, na "Let's Stay Together" ikaingizwa katika kumbukumbu ya kitaifa ya rekodi inayohifadhiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani miongoni mwa zilizochaguliwa kwa mwaka huo. Mtaa uliopo mbele ya studio sasa unaitwa kwa jina la Mitchell. Boo Mitchell, aliyelelewa na mzee huyo kama mwanawe, ndiye anayeisimamia Royal, na sehemu ya "Uptown Funk" ya Mark Ronson na Bruno Mars, wimbo uliotawala dunia mwaka 2015, ilirekodiwa humo.